Corruption, Crimson na Hallow katika Terraria: dalili, vyanzo na namna ya kudhibiti maambukizi

Mchezaji wa Terraria, mchezo wa kuchimba, kujenga na kupigana, anapokuta nyasi za zambarau zimefika karibu na mlango wa nyumba yake, jambo la kwanza analolifanya mara nyingi ni kununua unga wa kusafishia na kuurusha kila mahali anapoiona rangi hiyo. Baada ya siku chache za mchezo rangi imerudi, sarafu zimekwisha, naye anaanza kuamini kwamba dunia yake haiokoleki. Inaokoleka. Unga si mbaya na bidii haikupungua. Kilichokosekana ni kutambua maambukizi yalipita njia gani kabla ya kuanza kuyafuta. Ndiyo maana hapa tutaanza na dalili, kisha tutafute chanzo chake, na kazi ya kuzuia itatangulia kazi ya kusafisha karibu kila mahali.

Ijue kwanza hatua ambayo dunia yako imefikia

Dalili moja inaweza kuwa na maana mbili tofauti kabisa, kutegemea kama Wall of Flesh, bosi anayefunga kipindi cha mwanzo cha mchezo, ameshauawa au bado. Kila dunia ya kawaida huzaliwa na uovu mmoja kati ya miwili, ama Corruption yenye rangi ya zambarau, ama Crimson yenye wekundu wa damu, na katika kipindi cha mwanzo uovu huo husambaa kwa nyasi na miiba peke yake. Nyasi zilizoambukizwa hutambaa juu ya udongo na kuzimeza nyasi za kawaida, lakini jiwe, mchanga na barafu vilivyoambukizwa hubaki pale pale vilipo. Kwa hiyo mchezaji aliye katika kipindi hiki akiona mabadiliko juu ya ardhi, chanzo chake kiko juu ya ardhi, na hana haja ya kuchimbua milima kukitafuta.

Wall of Flesh anapouawa kwa mara ya kwanza, dunia huingia Hardmode, kipindi cha pili kilicho kigumu zaidi. Michirizi miwili mipana hukatiza ardhi kwa mshazari, kutoka Underworld, yaani tabaka la chini kabisa la dunia, hadi juu, kwa umbo linalokaribia herufi V. Mmoja ni wa uovu wa dunia hiyo, na mwingine ni wa Hallow, eneo lenye rangi za waridi na samawati ambalo kabla ya hapo halikuwepo. Kuanzia dakika hiyo jiwe, mchanga, mawe ya jangwani na barafu navyo huanza kuambukiza, tena bila kuhitaji kugusana: bloku (kipande kimoja cha mraba cha dunia) iliyoambukizwa inaweza kuigeuza nyingine iliyo umbali wa hadi bloku 3 kutoka ilipo, kwa upande wowote, juu na chini pia. Usambaaji huo unaendelea dunia nzima wakati wote mchezo ukiwa umefunguliwa, hata katika sehemu ambazo skrini yako haizionyeshi.

Kuna vitu ambavyo haviambukizwi, na inafaa kuvikariri kwa sababu ndivyo vitakavyokuwa kuta zako: mbao, matofali ya kawaida, udongo wa mfinyanzi, theluji, matofali ya Dungeon (ngome kubwa iliyo chini ya ardhi) na majivu ya Underworld. Theluji isichanganywe na barafu, ambayo huambukizwa haraka. Udongo mtupu nao haugeuki, ila ukiachwa wazi huota nyasi, na nyasi ndizo zinazobeba maradhi.

Handaki limechimbwa, lakini maambukizi yamevuka

Hili ndilo lalamiko ninalolisikia kuliko mengine yote, na lina vyanzo vingi, hivyo nitakaa hapa kwa muda.

Chanzo cha kwanza cha kuchunguza ni wakati handaki lilipochimbwa. Mchezaji mwangalifu huchimba mahandaki mawili ya wima, moja kila upande wa Corruption, kabla ya Hardmode, akiamini kwamba ameifungia ndani. Kisha anamuua Wall of Flesh, na ile michirizi miwili inapita popote inapopita, mara nyingi ikiyakata mahandaki yake na kuacha jiwe lililoambukizwa pande zote mbili. Katika hali hiyo handaki halikuvukwa. Chanzo kipya kimezaliwa nje yake. Fungua ramani, fuata rangi kutoka juu hadi chini, na ukiona mstari wa mshazari basi ujue kwamba handaki lako la zamani bado ni zima na kwamba mchirizi mpya unahitaji mahandaki yake. Hata hivyo simshauri mtu aache kuchimba mapema, kwa sababu kazi ya kabla ya Hardmode hupunguza sana eneo la kulinda, na mahandaki yanayoizunguka Jungle, eneo la msitu mnene lenye tope, na mji wa wakazi hubaki na faida hata michirizi ikipita wapi.

Chanzo cha pili ni upana. Kwa kuwa maambukizi huruka hadi bloku 3, pengo la bloku 2 haliwezi kuzuia kitu, na pengo la bloku 3 ndilo la chini kabisa linaloweza kufanya kazi. Mimi huchimba bloku 6. Sababu ni miiba: huota kutoka kwenye nyasi zilizoambukizwa, hujitokeza ndani ya nafasi iliyo wazi, na polepole hupunguza umbali uliodhani kwamba ni salama. Pia mkono huteleza, hasa kwa anayecheza kwenye simu, na handaki lililokusudiwa kuwa na bloku 4 hujikuta na bloku 2 mahali ambapo sururu ilikwama kwenye madini. Pitia handaki lote ukiwa na mwanga, ukihesabu upana katika kila sehemu iliyobana.

Chanzo cha tatu ni kina. Handaki lililoishia katikati ya mawe halizuii chochote katika Hardmode, kwa kuwa maambukizi huzunguka chini yake. Handaki la wima linatakiwa lianzie juu ya ardhi na kufika hadi kwenye majivu ya Underworld, ambayo hayaambukizwi na kwa hiyo hutumika kama sakafu ya bure. Katika dunia ndogo, yenye bloku 4200 kwa upana na 1200 kwa kina, kazi hiyo inamalizika kwa jioni moja au mbili. Katika dunia kubwa ya 8400 kwa 2400 ni vyema kumtafuta Demolitionist, mkazi anayeuza vilipuzi, na kununua baruti nyingi. Mapango ya asili yasikudanganye. Pango pana linaonekana kama pengo, lakini dari na sakafu yake vimeungana na mwamba mmoja, na maambukizi hupita humo kama maji kwenye mfereji.

Kisha kuna mchanga, ambao umewaponyoka wengi. Katika dunia yangu mojawapo nilichimba handaki la bloku 6 kupitia ukingo wa jangwa, nikashuka nalo hadi chini, nikaridhika. Niliporudi baada ya siku kadhaa za mchezo nilikuta ukuta wa upande wa Corruption umelika, mchanga wa zambarau umeporomoka na kujaa ndani kama nafaka kwenye gunia, na bloku tatu tu za mchanga huo zilikuwa zimegusa ukuta wa pili. Hizo tatu zilitosha. Upande wa pili wote, hadi kwenye mawe ya jangwani yaliyo chini, ulikuwa umeshaanza kugeuka. Tangu hapo sichimbi handaki jangwani bila kujenga nguzo ya matofali au mbao kila upande, kuanzia juu hadi pale ambapo mchanga unaishia, ili mchanga uzuiwe mahali pake na usiingie kwenye pengo.

La mwisho ni madaraja. Mchezaji akitaka kuvuka handaki lake hulaza mstari wa mawe, kwa kuwa mawe ndiyo yaliyojaa mkobani, na kwa mstari huo anayapa maambukizi barabara. Tumia majukwaa ya mbao au kamba. Wakulima wanaolima mkanda mtupu kuzunguka shamba kabla ya kuchoma nyika wanajua kwamba ukoka mmoja uliosahaulika katikati ya mkanda ndio unaopitisha moto, na hapa ni vivyo hivyo.

Asilimia ya Dryad inapanda ilhali juu ya ardhi ni pasafi

Dryad, mkazi anayehamia mjini kwako baada ya mmoja wa mabosi wa mwanzo kama Eye of Cthulhu kushindwa, hutaja asilimia ya dunia iliyoshikwa na kila eneo. Takwimu hiyo ni ya dunia nzima, na kwa kuwa sehemu kubwa ya dunia iko chini ya ardhi, sehemu kubwa ya ongezeko nayo iko huko. Mtu anayesafisha nyasi za juu huku namba ikipanda anahangaika na kivuli. Shuka chini, hasa mahali ambapo mchirizi wa mshazari unakutana na jangwa la chini au na barafu, kwa sababu maeneo hayo mawili yamejaa vitu vinavyoambukizwa na hayana udongo mwingi wa kuyachelewesha.

Isitoshe, hesabu ya Dryad haibadiliki papo hapo. Mchezo huhesabu dunia kidogo kidogo, hivyo ukimwuliza mara tu baada ya kumaliza kazi anaweza kukupa namba ya zamani. Subiri kabla ya kukata tamaa. Namba hiyo pia haisemi mahali, na hili ndilo kosa la kimsingi la wanaoifukuza: asilimia 20 za Crimson zilizofungiwa vizuri kwenye kona ya bahari hazina madhara, ilhali asilimia 4 zilizogusa Jungle zinaweza kukugharimu sana.

Wakazi wanakataa nyumba iliyokamilika

Nyumba ina kuta, taa, meza, kiti na mlango, lakini mchezo unasema imeharibiwa na uovu. Chanzo ni idadi ya bloku zilizoambukizwa zilizo karibu nayo, hata kama hakuna hata moja iliyogusa ukuta. Chunguza chini ya sakafu kwanza. Mara nyingi mji unaonekana safi huku jiwe lote lililo chini yake limegeuka. Bloku za Hallow hupunguza hesabu ya uovu, na hiyo ndiyo sababu mji uliopakana na maeneo yote mawili huweza kukubalika leo na kukataliwa kesho bila mchezaji kugusa kitu. Tiba ni kusafisha chini ya mji na kutandaza sakafu nene ya matofali au mbao. Kabla ya Hardmode, alizeti zilizopandwa kwenye ukingo wa mji husaidia kulinda nyasi zilizo chini yake, lakini zisitegemewe baada ya hapo, kwa sababu hazizuii jiwe.

Jungle inapungua

Dalili hii ishughulikiwe kabla ya nyingine zote. Jungle ndiyo yenye tope ambamo madini ya Chlorophyte hukua, ndimo Life Fruit, tunda la kuongeza uhai, humea, na ndimo bosi Plantera huitwa. Ukiipoteza, sehemu nzima ya mchezo inakuwa ngumu kuifikia. Corruption na Crimson huweza kuzigeuza nyasi zake, wakati Hallow haigusi nyasi za Jungle bali mawe yaliyo ndani yake tu.

Namna ya kutibu inategemea toleo unalotumia. Katika matoleo yaliyotangulia 1.4.4, lililotoka Septemba 2022, nyasi za Jungle zilizoambukizwa zilikwenda sambamba na tope kugeuka udongo, na udongo huo ukisafishwa ulirudi kuwa msitu wa kawaida wenye nyasi za kijani kibichi, si Jungle. Mchezaji wa toleo la namna hiyo anayeona udongo mahali palipokuwa na tope hana njia nyingine isipokuwa kulaza tope kwa mkono na kupanda mbegu za nyasi za Jungle. Kuanzia 1.4.4 nyasi zilizoambukizwa huota juu ya tope lenyewe, na zikisafishwa Jungle hurudi. Ni badiliko dogo kwa macho lakini limeokoa dunia nyingi, na kwa anayeweza kusasisha mchezo wake ningesema afanye hivyo kabla ya kuingia Hardmode.

Kwa vyovyote vile, chimba handaki kuizunguka Jungle kabla ya kuizunguka sehemu nyingine yoyote. Kama uovu umeshaingia, usianze na kitovu cha doa. Anza na ukingo wake ulio karibu zaidi na tope zima, safisha mkanda wa bloku 10 hivi, chimba pengo katikati ya mkanda huo, ndipo urudi kwenye doa ambalo sasa halina pa kwenda. Baadhi ya wachezaji huiruhusu Hallow ikae mpakani mwa Jungle makusudi, kwa kuwa Hallow na uovu haviwezi kugeuzana vyenyewe kwa kusambaa, na mimi naona ni njia inayokubalika kwa mtu asiye na muda wa kuchimba.

Kisafishio kinakwisha bila matokeo ya kudumu

Unga anaouza Dryad hufika umbali mfupi na hugeuza bloku chache kwa kila mrusho. Unafaa kwa kusafisha sehemu ndogo kabla ya Hardmode, au kwa kulainisha jiwe gumu la Corruption ambalo sururu dhaifu haiwezi kulivunja: ukilinyunyizia unga linarudi kuwa jiwe la kawaida na unalichimba bila shida. Kwa mlima mzima wa Hardmode unga hautoshi. Maambukizi yaliyobaki nyuma ya safu uliyoisafisha yanaruka zile bloku 3 na kuichukua tena, na ndiyo maana rangi hurudi mahali pale pale.

Kifaa cha kazi kubwa ni Clentaminator, kipulizio cha dawa kinachouzwa na Steampunker, mkazi ambaye huhamia baada ya bosi mmoja wa mashine kushindwa. Dawa yake hupenya ndani ya mwamba, kwa hiyo huhitaji kuchimba kila kona. Makosa ni mawili. La kwanza ni rangi: dawa ya kijani ndiyo inayosafisha, Hallow ikiwemo, ya samawati hueneza Hallow, na ya zambarau au nyekundu hueneza uovu. Steampunker habadilishi bidhaa ovyo. Ukisimama ndani ya Hallow anakuuzia ya samawati, na usiku wa Blood Moon (mwezi mwekundu) au wakati wa kupatwa kwa jua anauza ya uovu, hivyo anayelalamika kwamba dawa haifanyi kazi atazame kwanza rangi ya chupa zilizo mkobani. Kosa la pili ni kupuliza bila mpangilio. Simama mahali pamoja, puliza mara moja, fungua ramani uone dawa ilikofika, kisha chimba mahandaki ya mlalo yaliyoachana kwa nafasi ndogo kuliko umbali huo, na utembee ndani yake ukipuliza juu na chini bila kuacha ukanda katikati.

Anayechelewa kukipata Clentaminator asiharakishe kupita kiasi. Plantera akishashindwa, kasi ya usambaaji hupungua kwa nusu, na mahandaki yaliyochimbwa vizuri hukupa muda wa kutosha kufika hapo. Wanaocheza Journey, aina ya mchezo inayoruhusu kubadilisha kanuni, wana swichi ya kuusimamisha usambaaji kabisa, na sioni aibu yoyote katika kuitumia wakati wa kusafisha.

Imebaki asilimia 1 isiyoondoka

Dryad hutaja asilimia 1 hata ikiwa imebaki bloku moja tu katika dunia nzima, kwa hiyo namba hii inaweza kumaanisha pango zima au chembe isiyoonekana. Kwanza kumbuka ulichokijenga mwenyewe: bwawa la kuvulia samaki wa Corruption, chumba cha kukusanyia Souls (roho zinazodondoshwa na maadui), au ukuta wa mapambo wa mawe ya Crimson, vyote vinahesabiwa. Pili, chunguza miiba na nyasi zilizo juu kabisa, zikiwemo za visiwa vya angani. Tatu, kama dunia yako ni ya toleo la zamani na ulivunja madhabahu nyingi za uovu kwa nyundo ya Pwnhammer ili upate madini, kila pigo lilikuwa na uwezekano wa kugeuza jiwe moja mahali popote chini ya ardhi kuwa la uovu au la Hallow. Hizo ndizo bloku zinazozaa doa la mviringo katikati ya mwamba usio na uhusiano na mchirizi wowote.

Kuzipata kunahitaji ramani na subira. Ivute ramani hadi bloku moja moja ionekane, gawa dunia kwa safu za wima, na uipitie safu moja baada ya nyingine ukitafuta nukta ya zambarau, nyekundu au ya waridi. Barafu iliyoambukizwa ndiyo ngumu kuliko zote, kwa sababu rangi yake imefifia na kwenye skrini ndogo ya simu hufanana na barafu ya kawaida. Eneo la theluji lipitie mara mbili. Kumbuka kwamba ramani huonyesha jinsi mahali palivyokuwa ulipopita mara ya mwisho, hivyo sehemu ambazo hujazitembelea tangu Hardmode ianze zitembelee kwa miguu. Ukishaipiga dawa nukta ya mwisho, iache dunia ijihesabu, kisha rudi kwa Dryad. Zikiwa zimekwisha zote tatu, hatataja namba tena. Atakuambia kwamba dunia yako ni safi kabisa.